Taulo Nyeupe za Baba

Kinyozi mwingine yeyote angenunua taulo za kahawia akastarehe. Baba yangu hununua nyeupe. Amenyoa ndevu za watu tangu kabla sijazaliwa, na anataka kila mteja akiinuka kitini aone mwenyewe kwamba taulo iliyokuwa shingoni mwake haina hata nukta ya damu. Mtaani wanamwita Mkono Mwepesi, na jina hilo linamlevya kuliko pombe ambayo hajawahi kuionja. Anayezifua taulo hizo ni mimi. Kwa hiyo nikisema nilichoka, nieleweke: nilianza kuchoka zamani, homa ya dengi ilipoingia nyumbani kwetu ilinikuta njiani.

Duka letu ni chumba cha mbele cha nyumba yetu. Kuna viti viwili. Kiti cha dirishani ni cha Baba, pamoja na wembe wake wa kukunja, ukanda wa ngozi wa kuunolea, brashi ya povu, na jiwe la shabu la kukausha damu, ambalo kwa maringo yake husema ameliweka pale kama pambo. Kiti cha ukutani ni changu, na mashine ya umeme ya kukatia nywele. Wembe siruhusiwi kuugusa.

"Mashine inasamehe," Baba husema. "Wembe hausamehe."

Nina watoto wakubwa wanaojitegemea na mvi zimeshaanza kunichungulia, lakini mbele ya wembe ule bado mimi ni mtoto.

Bosi ni mdogo wangu, fundi bomba. Jina hilo tulimpa akiwa bado anatambaa, kwa sababu hata kulia alikuwa analia kwa kuamrisha. Mwaka huo wa dengi mvua zilikatika zikaacha maji kwenye kila kopo na kila tairi bovu, na wale mbu wa mchana wenye miguu ya madoadoa wakajaa hadi vyumbani. Nusu ya mtaa ikalala. Bosi alirudi kutoka kazini akitembea kwa kushika ukuta. Alisema macho yanamuuma kwa nyuma, na mifupa inamuuma hadi ile ambayo hakujua kama anayo. Nikampeleka hospitali, tukakaa kwenye benchi mpaka miguu ikafa ganzi, wakampima, wakasema ni dengi.

Daktari aliyetuhudumia alikuwa mwanamke kijana mwenye macho mekundu ya kukosa usingizi. Tulitazamana kama ndugu waliopotezana.

"Dada, nisikilize vizuri," aliniambia. "Mpe maji, mpe supu, mpe chochote anachoweza kunywa. Kwa maumivu mpe hii dawa ya kawaida tu. Aspirini asiiguse, wala zile dawa kali za maumivu. Halafu kuna hili la damu. Ndani ya damu mna chembe tunaziita chembe sahani. Mtu akichubuka, hizo ndizo zinazokimbilia pale kuziba. Huu ugonjwa unazipunguza, na zake zimeanza kushuka. Mlete kila siku nipime."

"Mpaka lini?"

"Mpaka nikuambie basi. Hata homa ikiisha. Hasa homa ikiisha, maana ndipo watu wanapojisahau."

Bosi akafungua jicho moja. "Daktari, mimi ni fundi bomba. Nikisikia mtu anasema kuziba, naomba kwanza nione hilo bomba."

"Utaliona," daktari alisema, na hakucheka.

Nikawa muuguzi. Mchana mashine, usiku kitambaa cha maji ya baridi. Bosi akiwa mzima ni msumbufu, akiwa mgonjwa ni serikali nzima. Dada, maji. Siyo hayo, yale ya jana. Dada, dirisha. Dada, funga hilo dirisha. Nilimpenda na nilitamani kumpiga, yote mawili kwa wakati mmoja, na kila asubuhi nilimkokota hospitali na kumrudisha, kisha nikasimama nyuma ya kiti changu huku mashine ikinguruma na kope zikinishuka. Majirani nao hawakutuacha. Kila aliyepita alikuwa daktari: huyu ana majani, yule ana mizizi, wa tatu ana binamu aliyekufa kwa ugonjwa huohuo na lazima atusimulie.

Baba alikuwa anakuja mlangoni mwa chumba cha mgonjwa kila alipopata nafasi. Anasimama, mikono nyuma, anamtazama mwanawe, anarudi kwenye kiti chake. Mama alichukuliwa na homa iliyoanza hivihivi, kichwa na mifupa, Bosi akiwa hata shule hajaanza. Baba hakulitaja hilo. Lakini jioni kikombe chake cha chai kilikuwa kinagongana na kisosi, na mimi nilijua si woga peke yake unaokitikisa. Kwa muda nilikuwa nimemwona akikishika kifundo cha mkono wa kulia kwa mkono wa kushoto kabla ya kuanza kunyoa, kama mtu anayemtuliza kuku. Nilinyamaza. Kwa baba yangu kuna mambo ukiyataja umemvua nguo hadharani.

Asubuhi moja niligusa paji la uso la Bosi nikakuta limepoa. Niligusa tena, nikagusa shingo, nikakaa kitandani kwake nikalia kidogo, machozi ya uchovu yasiyo na maana nyingine. Bosi alikuwa amelegea lakini anatabasamu. Baba alipoona, uso wake ukawa wa kijana.

"Mwanangu amepona," alisema.

"Shikamoo, Baba. Homa imeshuka. Lakini leo pia lazima tukapime."

"Marahaba. Kupima nini tena? Mguse."

"Daktari alisema hasa homa ikiisha."

"Sawa, mtakwenda. Mchana, foleni ikipungua. Kwanza anyolewe. Mwanangu hatoki mlangoni kama mtu aliyevunja jela."

Hiyo ndiyo sheria ya nyumba yetu. Anayeinuka kitandani baada ya kuugua, pa kwanza kukaa ni kiti cha dirishani. Baba humnyoa, humfuta kwa taulo ya moto, humwonyesha uso wake kwenye kioo, na hapo ndipo tunahesabu kuwa amepona. Alimfanyia babu, amewafanyia wajomba, na mimi nisiye na ndevu huwa ananikanda uso kwa taulo hiyohiyo ya moto. Sikuona sababu ya kubisha. Tena nilikuwa na wateja watatu kwenye benchi.

Bosi akakalishwa. Baba akampaka povu taratibu, akanoa wembe kwenye ukanda, akakishika kile kifundo chake, akavuta pumzi. Mimi nilikuwa nakata nywele za mwalimu mmoja, nawaona wote wawili kwenye kioo. Shavu la kulia likaenda vizuri. Alipofika chini ya taya nikaona mkono umesita, ukaruka kidogo, ukasimama. Kwenye povu jeupe pakatokea uzi mwekundu.

Wateja kwenye benchi wakageuza vichwa. Sijui kama wateja waliona au waliona tu jinsi Baba alivyosimama.

"Nimekugusa?" Baba aliuliza.

"Hata sijasikia," Bosi alisema, macho yamefumbwa.

Baba akachukua lile jiwe la shabu, lile pambo, akalilowesha, akalibana pale. Akaliondoa. Akalibana tena. Kisha akaukunja wembe, akamfuta Bosi povu lililobaki, akamwinua kwa bega.

"Amechoka," alisema, bila kumtazama mtu. "Nampeleka akalale. Wewe endelea na mteja wako."

Nikaendelea, na kiti cha dirishani kikabaki kitupu, kwa hiyo walionijia ni wangu na wake. Nilikata nywele mpaka vidole vikawa vinatetemeka vyenyewe kwa mtetemo wa mashine. Nilipopata mwanya nilikwenda ndani. Baba alikuwa amesimama mlangoni mwa chumba cha Bosi, ameujaza mlango wote.

"Twende hospitali, Baba. Muda umefika."

"Amelala. Muache apumzike."

"Ile damu imekauka?"

"Ni mkwaruzo tu," alisema, na sauti yake ilikuwa kali kupita kiasi. "Rudi kwa wateja, mwanangu."

Nilirudi. Baba akisema kwa sauti ile, hata mimi mwenye mvi huwa narudi. Lakini kuna kitu kilinikaa vibaya, na ilinichukua mteja mmoja mzima kukijua: mkono wa shati lake ulikuwa umelowa maji hadi kwenye kiwiko. Baba yangu hajawahi kulowesha shati kwa kufua. Nikamwomba mteja aliyekuwa kitini aniwie radhi, kichwa chake nusu kimenyolewa na nusu bado, nikazunguka uani kwa mlango wa nyuma.

Beseni langu lilikuwa chini ya kamba. Maji yake yalikuwa ya waridi, na ndani yake mlikuwa na taulo zetu, karibu zote. Nyingine alikuwa ameshazifua na kuzianika, vibaya, zinachuruzika, na kila moja ina wingu la rangi ambalo halikutoka.

Nilikimbia ndani nikampita kwa kumsukuma. Sijawahi kumsukuma baba yangu, na sitaki kurudia. Bosi alikuwa chali, taulo imekandamizwa chini ya taya, inaloa polepole. Haikuwa damu ya kumwagika. Ilikuwa damu isiyokuwa na habari kwamba inatakiwa kukoma. Aliponiona akajaribu kutabasamu, nikaona meno yake yamezungushiwa mstari mwekundu kwenye fizi.

"Dada, tumbo linaniuma," alisema. Mikono yake ilikuwa ya baridi kama bomba la asubuhi. Hakuniamrisha kitu chochote, na hilo ndilo lililonitisha zaidi.

"Tangu lini hivi?" nilimuuliza Baba.

Alikuwa ameshika kifundo chake cha mkono. "Nilidhani ni mimi," alisema hatimaye. "Nilidhani nimemkata sana. Nilitaka ikauke kwanza, ndipo nikuite."

Kwa hiyo ndivyo ilivyokuwa. Mtu mwingine akiona damu haikomi, anaitazama damu. Baba yangu aliutazama mkono wake. Aliona aibu, akaificha taulo moja baada ya nyingine, na mwanawe alikuwa anavuja mbele yake. Nilikuwa na maneno ya kumwambia, makali, yamejaa mdomo. Sikuwa na nguvu za kuyasema. Nilimwambia ashike miguu, mimi nishike mabega. Yule mteja mwenye nusu kichwa ndiye aliyetupeleka kwa gari lake, na njia nzima hakuuliza lini tutammalizia.

Yule daktari kijana alikuwepo, macho yale yale. Hakutugombeza, na nilimshukuru kwa hilo. Walimwekea Bosi dripu, wakamfunga bandeji ya kubana, wakamtoa damu kidogo ya kupima kama watu wanaoomba samahani. Majibu yalipokuja daktari alituita pembeni ya kitanda.

"Kwenye kitone cha damu, mtu mzima anatakiwa awe na chembe sahani laki moja na nusu kwenda juu," alisema. "Yeye ana elfu kumi na mbili."

"Chukua zangu," Baba alisema. Alikuwa ameshakunja mkono wa shati.

"Mzee, subiri. Kwa namba peke yake huwa hatukimbilii kumwongezea. Mwili wake utazitengeneza tena wenyewe ukipata nafasi. Ninachokiogopa zaidi ni maji ya damu kuvuja nje ya mishipa na presha kushuka, ndiyo maana ya hii dripu. Kama damu itazidi kutoka, hapo tutamwongezea."

"Nimemkata," Baba alisema. "Mimi ni kinyozi, nimemkata mwanangu. Ni mkono wangu."

Alilisema kwa sauti, wodi nzima ikasikia. Daktari akamshika mkono huohuo aliokuwa anaulaumu.

"Mzee, mkono wako hauna kosa. Leo hata angejikuna, ingetoka hivihivi. Tena hilo jeraha ndilo lililowaleta. Fizi zilishaanza, tumbo lilishaanza. Bila hilo mngemwacha alale mpaka nisingeweza kumwamsha."

Baba alimtazama kwa muda mrefu. Akashusha mkono wa shati, akafunga kifungo, na kukifunga kulimshinda, nikamfungia mimi.

Kusubiri namba ni kazi, na mimi nilikuwa sijamaliza kazi nyingine. Walikuwa wanampima, karatasi inakwenda maabara, sisi tunakaa. Ikirudi, tunamtazama daktari usoni kabla hajafungua mdomo. Ilishuka tena kwanza. Elfu tisa. Siku hiyo Baba alitoka akasimama kwenye korido, paji la uso kwenye ukuta, na mimi nilibaki nimemshika Bosi vidole, nimekazana kumwambia upuuzi: kwamba bomba la jikoni linadondosha, kwamba nimemwita fundi mwingine, kwamba huyo fundi ni hodari kumzidi. Alifungua macho kwa hilo.

"Nani?" alinong'ona. "Yule wa barabara ya juu? Atakuharibia."

Ndipo nikajua roho yake ingalipo.

Kisha ikasimama palepale. Kisha ikapanda kidogo, kiasi cha kutuchokoza. Damu ya shingoni ilikuwa imeshakoma yenyewe, kimyakimya, hakuna aliyeona ilikoma saa ngapi. Mwili wa Bosi ukatoka vipele vyekundu, akaanza kujikuna na kutukana mbu kwa majina, na muuguzi akaniambia wengi wakianza kuwashwa hivyo huwa wanapona. Siku daktari aliposema "basi", nilikaa kwenye benchi ya nje nikashindwa kuinuka. Bosi ndiye aliyenivuta mkono.

Mtaani habari zilitutangulia. Kila aliyepita dukani alikuwa na neno la kumfariji Baba. Fundi, tumesikia, kumbe ilikuwa chembe za damu. Fundi, tulijua tu, mkono ule haukosei. Mimi mwenyewe nilisema hivyohivyo kwa kila mteja, kwa sauti, ili asikie. Baba alikuwa anaitikia kwa kichwa. Kiti cha dirishani alikuwa anakifuta vumbi kila asubuhi, na aliyetaka kunyolewa ndevu alimwambia aje wiki ijayo.

Siku Bosi alipoweza kutembea hadi dukani bila kushika ukuta, alikwenda mwenyewe akakaa kwenye kiti kile. Ndevu zilikuwa zimeota tena, na chini ya taya kulikuwa na kovu dogo la kama ukucha wa mtoto.

"Baba," alisema, "mimi bado sijahesabiwa kuwa nimepona."

Baba akaweka povu. Akaunoa wembe, na kunoa bado anakujua kuliko mtu yeyote. Akakishika kifundo. Akausogeza wembe kwenye shavu la mwanawe, nami nikauona kwenye kioo: ncha yake ilikuwa inacheza hewani, kidogo sana, bila kutulia. Bosi naye aliiona. Akafumba macho, akainua kidevu.

Baba akarudi hatua moja nyuma.

"Njoo hapa, mama," aliniambia.

Nilizima mashine. Alikuwa amenigeuzia wembe, mpini kwangu.

"Baba, daktari alisema mkono wako hauna kosa."

"Daktari alisema kwa nini damu haikukoma," alisema. "Hakusema kwa nini ilianza."

Nilitaka kumwambia Baba kwamba nilikuwa najua, kwamba nilikuwa nakiona kikombe na kisosi siku zote, lakini nilimtazama usoni nikaona anajua hilo pia. Nikaupokea wembe. Ulikuwa mzito kuliko nilivyodhani, na mpini wake ulikuwa umelika pale vidole vyake vinapokaa.

"Vuta ngozi kwanza," Baba alisema. "Usiukandamize. Uache utembee."

Alichukua taulo nyeupe kutoka kwenye rundo, moja ya zile zilizobaki na wingu, akamfunga Bosi shingoni yeye mwenyewe. Nikaanza na shavu la kushoto. Baba alisimama karibu yangu, mikono nyuma, na macho yake hayakuwa kwenye uso wa mwanawe. Alikuwa anautazama mkono wangu.